Fundo la Malmal

Garissa, 9 Februari 2024

Abaayo Bilan,

Assalaamu alaykum, dada yangu. Usishtuke. Karatasi hii nimeizungushia nailoni mara mbili, nikaifunga chini ya mshikio wa jerikeni yenye kitambaa cha kijani. Kama unaisoma basi haikulowa maziwa. Ni mimi Hodo, mdogo wako. Miaka mitatu na nusu sikukuandikia. Lawama utanipa baadaye, leo acha nifurahi tu.

Siku hizi nauza maziwa ya ngamia na Nimo wa jirani. Liban mume wangu anakamua kule Balambala, analeta kwa pikipiki asubuhi mapema. Sisi tunafukiza vyombo, tunajaza, basi linapeleka Eastleigh kwa Sadiyo, muuza maziwa wa mtaani kwako. Kesho yake jerikeni zinarudi tupu. Kila mwenye maziwa ana rangi yake, yangu ni kijani. Jibu lako mpe Sadiyo alifunge hapo hapo.

Simu ya nyumba iko mkononi mwa kaka Abdijabar, na amri yake unaijua, namba yako isipigwe kutoka nyumba hii. Nilikupigia kwa simu ya Nimo, hukushika. Na Kisomali tunakisema tu, kukiandika hatukufundishwa, kwa hivyo vumilia Kiswahili changu cha darasa la sita.

Nina mtoto! Anaitwa Idil, ana miaka miwili na mwezi mmoja. Paji la uso ni lako, kelele pia ni zako.

Sasa nikuulize. Juzi Nimo alinionyesha video. Uko kwenye chumba kidogo, hijabu nyeusi umeibana vizuri, jasho linamwagika, vijana wanasukumana kama mbuzi kwenye birika la kunyweshea. Na wewe unapiga kelele mpaka mishipa ya shingo imesimama. Nimo akasema, "Dada yako anaimba ama anagombana na mtu?" Nikamwambia anaimba. Lakini wallahi sikuwa na hakika. Nieleze, nikiulizwa tena nijue la kujibu.

Mama yuko. Magoti yanamsumbua. Mimi nakaa naye hapa mjini nikimwangalia.

Mdogo wako,
Hodo


Eastleigh, 14 Februari 2024

Hodo wangu,

Sadiyo aliniita kama kuna msiba: "Wewe, njoo haraka, leo maziwa yamekuja na barua!" Nilisoma nikiwa nimesimama, halafu nikakaa juu ya kreti nikasoma tena. Idil. Nimelitaja hilo jina njia nzima mpaka nyumbani, watu wakaniangalia.

Mwambie Nimo ni vyote viwili. Muziki huu unaitwa panki, na wetu ni ule mkali kabisa, wenyewe wanauita hadkoo. Wimbo ni dakika moja, ukirefuka sana dakika na nusu. Hakuna mapenzi, hakuna kubembeleza. Unasema jambo lako kabla hawajakuzimia umeme. Wimbo wetu wa kwanza ni "Karatasi ya Babu". Unakumbuka nilivyokwenda kuomba kitambulisho, dirishani wakataka karatasi za babu yangu, nikarudi mara saba? Sekunde arobaini na nane, na mara saba zote zimo.

Bendi inaitwa Kiu. Faiza yuko kwenye gitaa, Mohamedamin kwenye ngoma, mimi mdomo. Tulianza 2018 ndani ya stoo ya magodoro ya mjomba wake Faiza, kwa sababu magodoro yanameza sauti. Siku ya kwanza walikuja watu kumi na mmoja, wanne wakatoka. Msichana wa Kisomali kwenye maikrofoni ya panki hawakuwa wameona. Mwenye ukumbi wa kwanza alinituma chai, alidhani nimekuja kufagia! Leo tuna kanda mbili, tumefika Kampala, na wasichana wawili wa Dadaab wameniandikia kwamba wameanzisha bendi yao, ngoma ni ndoo na sufuria. Ujumbe wao nimeubandika juu ya kitanda.

Ile sauti sikuitoa Nairobi. Niliitoa kisimani kule Eldas, kwa nyanya. Wanaume walikuwa chini wakipasiana ndoo, na yeye juu akiita ngamia mmoja mmoja kwa jina, sauti inatoka tumboni inapita koo kama halipo. Mimi nimeongeza gitaa tu.

Namba nisiyoijua sishiki, na ujumbe wake nafuta bila kusoma. Ile video ya kwanza ilipotembea nilitukanwa na watu hata sijui nyuso zao. Kwa hivyo barua ni sawa.

Mama anasema nini juu yangu? Niambie hata kama ni baya.

Dada yako,
Bilan


Garissa, 1 Machi 2024

Abaayo,

Umeniuliza mama anasema nini. Hasemi kitu. Nimejaribu kukumbuka vizuri nisikudanganye. Jina lako halijatoka mdomoni mwake tangu uende, kwa uzuri wala kwa ubaya. Lakini wiki iliyopita alikuja mama mmoja mgeni kutoka Banissa, akamuuliza, "Mungu amekupa wangapi?" Mama akasema, "Watatu." Halafu akaanza kupanga vikombe ambavyo vilikuwa vimeshapangwa.

Na ile garbasaar yake nyekundu, ule mtandio mzito wa sikukuu, hauvai tena. Umekunjwa sandukuni. Nilitaka kuufua akanipiga mkono kama mtoto. "Acha hivyo."

Idil amejifunza neno "hapana". Anamwambia ngamia, anamwambia uji, jana alimwambia imamu. Nilimwekea wimbo wako kwenye simu ya Nimo, ule "Ndoo". Alisimama kabisa. Halafu akaangalia nyuma ya simu kukutafuta.

Kwa nini huji, Bilan? Abdijabar anabweka tu. Umri umeanza kumlainisha, juzi alimpaka Idil dawa ya macho mwenyewe. Njoo siku mbili. Mimi sikuwepo siku ile uliyoondoka, nilikuwa bibi harusi mpya kule Balambala, na mpaka leo sijui kilichotokea steji ya basi. Hakuna anayetaka kuniambia.

Hodo


Eastleigh, 9 Machi 2024

Hodo,

Nilikuwa nimeamua nisikuambie. Lakini Ramadhani inaingia, na nimechoka kubeba peke yangu.

Sauti yangu inaisha. Tangu mwaka jana naamka sina kitu, mpaka saa sita ndipo inarudi kidogo, kama mtu anaburuta kiti. Daktari wa koo aliingiza kamera akanionyesha. Kuna vinundu viwili kwenye nyuzi za sauti, vidogo kama punje za mtama. Anataka ninyamaze miezi mitatu, visipoyeyuka apasue. Na tarehe 27 mwezi wa nne kuna mkusanyiko wa bendi kutoka nchi tano, hapa hapa Nairobi, na sisi Kiu ndio tumeombwa kufunga. Sisi! Miaka sita Faiza na Mohamedamin wamebeba spika mabegani kwa ajili ya siku kama hiyo.

Daktari anasema ni kupiga kelele kumeleta vinundu. Mimi najua vimetoka wapi.

Siku ile steji, Septemba 2020, baada ya kikao nilichoitiwa nyumbani. Abdijabar alisema mbele ya wazee nichague kelele au nyumba. Nikachukua begi, yeye akanipeleka mpaka basini. Mama alitufuata kwa nyuma, pole pole. Nilikuwa nimeshapanda, niko dirishani. Basi lilipowashwa, akavua garbasaar. Pale steji, mbele ya wapakuzi, wauza maji, dunia nzima. Kichwa wazi, mvi zote nje, uso ameuinua juu na midomo inatembea. Hodo, na wewe ni mtoto wa kwetu. Mama akifunua kichwa chake akaangalia juu, unajua ni laana gani anaomba juu ya aliyemzaa. Wanaume wazima wanakimbia wasimwone. Na koo ndilo lililomkosea, kwa hivyo koo ndilo limechukuliwa.

Nilivuta pazia la basi. Sikuweza kuangalia.

Nakuomba kitu kimoja, na sitakuomba kingine. Mwombe anifungulie. Asome dua kwenye maji, ateme kidogo kama nyanya alivyokuwa akitutemea tukiumwa, na wewe unitumie. Chupa ya soda inatosha.

Bilan


Garissa, 28 Machi 2024

Abaayo mpenzi,

Mama amekubali! Nilimwambia baada ya kufuturu, akiwa amekunywa chai na moyo wake umetulia. Akasema, "Lete maji." Akashika chupa kwa mikono miwili, akasoma Fatiha mara saba, akatema kidogo, akaifunga mwenyewe. Akasema, "Mwambie nimemfungulia, aende na amani." Machozi yalimtoka.

Chupa iko ndani ya kikapu, nimeizungushia magunzi isivunjike. Kunywa kidogo kidogo kila daku. Na unyamaze kama daktari alivyosema, maji na daktari vyote ni sababu tu, Mponyaji ni mmoja.

Idil anakusalimia. Alisaidia kufunga kifuniko.

Hodo


Eastleigh, 15 Aprili 2024

Hodo, Hodo, Hodo!

Idd njema iliyopita. Sikulia hivi tangu utoto. Nilikunywa funda moja kila daku kabla ya kuongea na mtu. Siku ya tatu niliamka nikasema "Sadiyo" na sauti ikatoka, saa moja asubuhi! Sijui nikueleze vipi. Nilikuwa natembea na jiwe mgongoni, nimesahau kwamba ni jiwe, nikadhani ni mgongo.

Daktari nimemwambia asubiri. Kama mama amefungua, nani mwingine atafunga? Tunafanya mazoezi kila siku kwenye stoo ya magodoro, nyimbo zote kumi na nne, sijipunguzii hata moja. Faiza ananiambia, "Pole pole, jamani, hilo ni koo si mfereji." Namcheka.

Tarehe 27, baada ya magharibi. Mwambie mama. Ama usimwambie, sijui. Mwambie tu nimepokea.

Bilan


Garissa, 19 Aprili 2024

Abaayo,

Usiimbe.

Nimesoma barua yako. Usiimbe tarehe 27, rudi kwa daktari. Maji yale ni yangu. Mama hajui lolote.

Mara tatu nilifika mlangoni kwake nikarudi. Niliogopa jibu. Nilijiambia akikataa nitakuandikia nini? Basi nikaenda jikoni, nikafunga mlango, nikasoma Fatiha mara saba, nikatema mimi. Nilijiambia na mimi ni mama wa mtu, labda Mungu atakubali mate yangu. Nikakuandikia na machozi juu yake, ili uamini. Nilitaka moyo wako upone ndipo koo lifuate. Sikujua utamwacha daktari.

Nisamehe. Ukinichukia nitajua ni haki.

22 Aprili. Barua bado iko hapa. Mto umevunja kingo, barabara ya Madogo imekatwa, basi halikutoka. Maziwa ya siku tatu yameganda, tunagawa bure kwa majirani.

25 Aprili. Wanavusha watu kwa mashua lakini mizigo hawachukui. Nilimbembeleza mtu mmoja abebe karatasi tu, akasema ana watoto wawili wa kubeba. Nimekupigia kwa simu ya Nimo mara kumi na tisa, na namba ya Sadiyo haipatikani. Nimetuma ujumbe: "Ni Hodo, usiimbe." Najua unafuta.

27 Aprili. Magharibi imeadhiniwa sasa hivi. Idil yuko mgongoni mwangu amelala.

Hodo


Eastleigh, 3 Mei 2024

Hodo,

Sijui barua hii itakufikia lini, wanasema njia ni maji matupu.

Nyimbo mbili zilitoka vizuri sana. Watu mia nne, na wengine hawajui Kiswahili wala Kisomali, lakini wanapokea "Ndoo" kama wamezaliwa kisimani. Katikati ya wimbo wa tatu nilifungua mdomo hakukutoka kitu. Si mkwaruzo, si hewa. Kitu kilikatika, nikasikia ladha ya damu. Mohamedamin alidhani nimesahau maneno, akarudia kupiga kuanzia mwanzo. Nilisimama pale kinywa wazi. Faiza ndiye aliyeweka gitaa chini.

Sasa nanong'ona tu, na daktari hata kunong'ona amekataza. Atapasua tarehe 29.

Mwambie mama sina hasira naye. Alinipa maji kwa mkono, moyo ukakataa. Na hilo pia ni haki yake. Mwambie laana imefika mahali pake, sasa apumzike.

Bilan


Garissa, 16 Mei 2024

Abaayo Bilan,

Njia imefunguka juzi. Barua yako ilirudi na jerikeni za kwanza, yangu ya Aprili ilipanda basi hilo hilo likigeuka. Kwa hivyo sasa unajua maji yalikuwa ya nani. Sitajitetea.

Nilisoma barua yako mara moja, nikaingia moja kwa moja kwa mama kabla miguu haijafikiri. Nikamsomea yote kwa Kisomali, tangu ile ya Machi. Steji, kichwa wazi, vinundu, maji yangu ya uongo, damu. Alikuwa anachambua mchele. Mkono ulisimama.

"Nani amesema nimelaani?"

"Bilan alikuona, hooyo. Ulifunua kichwa."

"Nilifunua." Akasukuma ungo wa mchele kando. Halafu, "Nyanyua hilo sanduku, magoti yangu hayataki."

Akatoa ile garbasaar nyekundu, akanionyesha ncha. Kuna fundo, gumu kama kokwa, miaka yote hiyo halijafunguliwa. Nililegeza kwa meno. Ndani ni malmal, abaayo. Ule utomvu mwekundu mchungu ambao nyanya alikuwa anatuwekea chini ya ulimi tukikauka koo. Vipande saba.

Akanieleza hivi. Wiki ile ya kikao ulilala chumbani kwake. Alikuwa anakusikia usiku ukikohoa, sauti imekukauka. Kulipokucha alitafuta mwanamke mmoja wa Eldas anayeuza malmal safi, akafunga kwenye ncha akufuate nayo steji. Mbele ya Abdijabar hakutaka kukupa, kungezuka maneno. Basi likawashwa. Akajaribu kufungua fundo, vidole vikakataa. "Nikasema, heri aende na mtandio mzima." Akauvua aurushe dirishani. Basi ni refu, jua liko machoni, madirisha yote sawa, akainua uso akikutafuta. Midomo ilikuwa inaomba ufike salama.

"Halafu nikamwona," akasema. "Na yeye akaniona. Akavuta pazia. Nikajua hataki kitu kutoka kwangu."

Bilan, miaka mitatu na nusu mama amekaa akijua wewe ndiye uliyemkataa.

Nikamwambia nipe, kesho nafunga kwenye jerikeni. Akaninyang'anya. "Hiki hakiendi na maziwa. Aje achukue." Halafu akaniambia kitu kingine, niandike kama alivyosema: "Mwambie mimi sijawahi kuipenda ile kelele yake. Lakini koo ni la mwanangu."

Mdogo wako mwongo,
Hodo


Eastleigh, 24 Mei 2024

Hodo,

Nilipata barua ya Aprili kwanza. Siku mbili nilikukasirikia kiasi kwamba ningekuwa na sauti ungesikia huko Garissa. Siku ya tatu nikasoma tena ule mstari wa mate yako. Nani mwingine duniani angenitemea? Basi.

Halafu ikaja ya tarehe 16. Hiyo sitaiandikia jibu. Sina maneno na sina koo.

Pazia lilikuwa la bluu, lina mafuta ya nywele za watu. Nalikumbuka kila uzi. Ningelivuta upande wa pili tu.

Wananipasua Jumatano. Baada ya hapo siku kumi na nne nisitoe hata mguno. Daktari ameniruhusu kusafiri siku ya tatu. Mwambie mama nakuja, na kwamba nitakuja bubu. Abdijabar mwambie vile utakavyoona.

B.


(Kwenye kurasa za daftari la mraba, nyumbani kwa mama, Garissa, kuanzia 1 Juni, Bilan na Hodo wakipokezana kalamu)

Hodo, mwambie mama sijakasirika, ni daktari. Ananiangalia mdomoni.

Nimemwambia. Anasema anajua, lakini mkono wako uuache mkononi mwake hivyo hivyo mpaka chai ichemke.

Idil ananiambia "hapana".

Ni salamu hiyo.

Abdijabar yuko uani anatembea huku na huku. Mwambie aingie tu.

Anasema amejiandaa miaka mitatu na nusu kugombana na wewe, sasa hujibu, atagombana na nani?

Mpe kalamu.

(kwa mwandiko mwingine, wa ofisini) Bilan. Sipendi kazi yako. Sitaipenda. Je, ulipasuliwa na daktari mzuri?

Mzuri, kaka.

(mwandiko ule ule) Je, inauma?

Kumeza tu.

(mwandiko ule ule) Nimeleta tikiti maji. Ni laini.

Hodo, usilie juu ya karatasi, wino unatoka.

Mama anauliza utaweza tena ile kazi?

Sijui. Daktari naye hajui. Mwambie hivyo hivyo, usiongeze sukari.

Nimemwambia bila sukari. Amesema sawa. Garbasaar atakupa siku ya kuondoka, pale pale alipotaka kukupa.

Steji? Mbele ya watu?

Hata mimi nimemwambia hivyo. Amenigeuzia mgongo.


Garissa, 12 Juni 2024

Abaayo,

Ya dirishani siku ya kuondoka uliyaona mwenyewe, nitakuandikia yaliyobaki nyuma ya basi.

Mama alipovua mtandio, wapakuzi waliacha mizigo. Mwanamke mmoja wa sambusa alisema kwa nguvu, "Audhubillahi, anamlaani mtoto wake!" akafunika macho. Hukusikia kwa sababu ya injini. Ulipoudaka na kuuweka usoni, na basi likageuka, watu walikuwa bado wanamwangalia mama kama moto. Nimo alikuja mbio na leso yake amfunike. Mama akasukuma mkono wake.

Abdijabar, masikini, mtu wa ofisi, kila mtu anamjua. Alivua koti lake. "Hooyo, jifunike, watu wanaangalia." Mama akamwambia, "Mara ya kwanza waliangalia wakaondoka na uongo. Leo waangalie vizuri." Akaanza kutembea. Kutoka steji, akapita soko la maziwa, mpaka nyumbani, na magoti yale. Kichwa wazi, mvi zinang'aa juani. Kila aliyesimama aliambiwa, "Nimempa binti yangu dawa ya koo. Anaimba Nairobi. Niulize." Watu wanne waliuliza. Abdijabar alitembea nyuma yake njia nzima, koti mkononi, na kwa yule wa nne alijibu yeye.

Usiku magoti yalivimba, nimemkanda. Ameniuliza mara mbili leo ni siku ya ngapi. Ni ya kumi na nne, abaayo. Leo unafungua mdomo. Kitakachotoka, hata kikiwa kidogo kama mdudu, niandikie.

Hodo


Eastleigh, 21 Juni 2024

Hodo wangu,

Idd njema kwenu wote. Nimechelewa kwa sababu nilitaka kwanza nijue ninachoandika.

Daktari alisema nianze na "aa". Ilitoka. Si ile. Ile ya juu haipo, anasema huenda ikarudi, huenda isirudi, na mimi sitaki unifariji. Iliyobaki iko chini, ina mchanga. Malmal nilimwonyesha, akainusa, akasema haidhuru lakini nisiache dawa zake. Naweka kipande kidogo chini ya ulimi asubuhi. Ni chungu kama zamani.

Jana nilikwenda stoo ya magodoro. Faiza na Mohamedamin walikuwa wamekaa kama wako hospitali. Nilijifunga garbasaar, nikawaambia wapige "Ndoo", lakini pole pole, mwendo wa ngamia kweli, si mwendo wa kukimbia. Nikaita. Sekunde ishirini tu ndizo nilizoruhusiwa. Nilipomaliza walitazamana, nikadhani wamehuzunika. Mohamedamin akaniuliza, "Hiyo ulikuwa umeificha wapi?" Ni ya nyanya, Hodo. Si ya kumwiga nyanya. Ni ile yenyewe.

Wale wa Dadaab nimewaandikia kwamba za juu wapige wao sasa, mimi nitashika chini.

Zile sekunde ishirini nimezituma kwenye simu ya Nimo. Namba yake nimeihifadhi, sitaifuta tena. Mpe mama asikie, na simu uishike karibu na sikio la kulia. Akiuliza ni nani huyo anaita ngamia, mwambie ni yule wa katikati kati ya watatu.

Bilan